Kinyonga Aliyechelewa Maandamano

Hapo kale, wala si kale sana, Fisi, mkuu wa askari wa msituni, alileta barazani mswada wa usalama ili askari wake wamkamate mnyama yeyote bila sababu. Wanyama wakaandamana kuupinga, wakampa Kinyonga kamera apige filamu. Kinyonga akafika wenzake wameshaondoka.

Kesho yake Swala, kiongozi wao, akamfokea: "Wewe hata mazishi yako utachelewa! Tumeandamana kwa amani, na ushahidi hatuna!"

Barazani Fisi akanguruma: "Waandamanaji wamevunja ghala la mahindi! Sheria hii haikwepeki. Kama nasema uongo, leteni filamu yenu," akacheka, maana habari za Kinyonga alizisikia.

Kinyonga akajikongoja hadi mbele, akaiwasha kamera. Wanyama wakaona uwanja mtupu, kisha Fisi na askari wake wakiupiga mateke mlango wa ghala.

"Lakini ulichelewa!" Fisi akaropoka.

"Nilichelewa, Afande," Kinyonga akasema. "Ila hukusubiri nipite ndipo uvunje ghala."

Mswada ukatupwa palepale. Basi ukiandamana, usizime kamera watu wakishatawanyika. Wenye uchu wa sheria kali huanza kazi saa hiyo.