Kofia ya Hemedi

Bi Raya aliinama, akaweka jicho kwenye darubini. Fundi Nasoro, aliyeiunda, alikuwa amekwisha kumweleza kwamba ndani yake huonekana maisha yale ambamo mambo yalikwenda vingine.

"Nataka nimwone mume wangu," alisema, "kule ambako homa ile haikumchukua."

"Utamwona, mama. Lakini huko nako kuna mambo yake."

Akamwona. Hemedi alikuwa hai, mvi zimemjaa kichwani, ameketi kwenye kitanda chao. Kitandani palikuwa na mto mmoja tu. Bi Raya akaelewa kwamba huko homa ilimchukua yeye mwenyewe.

Hemedi alishika kofia, ile ile ambayo Bi Raya alikuwa akimdarizia, na ambayo huku kwake, tangu msiba, yeye hakuwahi kuigusa tena. Mwanamume ambaye hata kifungo hakujua kukishona alikuwa akijaribu kuimalizia, ncha ya ulimi imemtoka kama mtoto anayejifunza kuandika.

"Sio hivyo, bwana," Bi Raya alinong'ona, machozi yakimlengalenga. "Sindano itokee chini. Utajichoma."

"Hakusikii, mama," Nasoro alisema taratibu.

"Najua. Hata alipokuwa hapa hakuwa akinisikia." Akacheka kidogo, akajifuta uso kwa ncha ya kanga.

Alipofika nyumbani aliitoa kofia sandukuni, akaketi upande wake wa kitanda, akatia uzi kwenye sindano. Pale mshono wake wa zamani ulipokomea, aliichoma sindano kutokea chini, polepole, kama anayemwonyesha mtu. Kisha akangoja kidogo kabla ya kuchoma tena.