Vishindo Vinne

"Hivyo usiviguse."

Fundi wa studio, binti mdogo, aliondoa kidole kwenye kitufe. Tangu asubuhi alikuwa akisafisha albamu ya roki iliyotimiza miaka arobaini, ili itolewe upya, na mpiga gitaa wa bendi ile alikaa kando yake kimya kama maji ya mtungi. Walipofika wimbo wa mwisho, mzee akapata ulimi.

"Babu, ni vishindo vinne tu. Tena haviendi na mdundo. Mpiga ngoma wenu alikuwa amelewa?"

"Yule? Hakuonja hata tone. Alikuwa saa, si mtu."

Binti alicheka. Lakini kampuni ya muziki ilitaka kila kelele itoke, la sivyo haitoi albamu.

"Basi isitoe. Nimelala njaa kwa ajili ya nyimbo hizi kabla hujazaliwa. Leo ndiyo nitakufa?"

"Vijana wa sasa wanataka sauti safi."

"Vijana wa sasa wanaziimba barabarani, mbele ya virungu. Umeona wapi mtu akiimba usafi?"

Fundi aliurudia wimbo. Sauti, besi, ngoma. Vishindo vinne. Kisha muziki ukakatika katikati ya neno, ukabaki mvumo mtupu. Chuoni walifundishwa kwamba mwisho ule ulikuwa ubunifu wa hali ya juu.

"Mbona gitaa lako halimo?"

"Uzi ulikatika. Nikatoka mbio kwenda dukani, nikawaambia wasinisubiri, warekodi tu."

"Na wenzako je? Mkataba huu wa kampuni una nafasi za sahihi nne."

"Chukua yangu. Zao bado nazisubiri."

Alivuta karatasi, akayafuta kwa mstari mnene yale maneno "kelele zote zitaondolewa", akatia sahihi kwa herufi kubwa, kama mtu anayeandika ukutani.

"Haya, babu, umeshinda. Vishindo vinabaki, na kampuni nitapambana nayo mimi. Ila wakiniuliza, niseme ile ni ngoma gani?"

Mzee alifunika kalamu.

"Si ngoma, mwanangu. Ni mlango. Niliporudi na uzi wangu mkononi, ulikuwa umelala chini, viti vimepinduka, na mashine ya kurekodi bado inazunguka peke yake."