Chai ya Mpinzani

Zarmina alikisogeza kikombe mbali. Hakuwa na haja ya chai ya mtu aliyekuja kumzuia asirudi kazini.

"Kunywa, Mama," alisema Bakhtiar, mwanasheria wa idara ya misitu. "Haina sumu. Ina iliki tu."

Walikuwa kwenye benchi nje ya mahakama, hapo Peshawar, Pakistan, wakisubiri kuitwa. Jua lilipowafikia, Bakhtiar alimpisha Zarmina upande wa kivuli, yeye akabaki akiungua. Zarmina aliliona hilo, ila hakushukuru. Alikuwa amechoka. Kwa miaka tisa alilea miche ya serikali, akiimwagilia na kuifunika wakati wa baridi, mpaka mradi ukafungwa na yeye akaambiwa aende nyumbani. Tangu hapo imekuwa ni njoo leo, njoo kesho. Alitaka kitu kimoja tu: arudishwe bustanini, awe mwajiriwa wa kudumu.

"Walikuwa wanakupa mkataba mpya kila mwaka?" Bakhtiar aliuliza kwa sauti ya chini.

Zarmina aligeukia mlango wa mahakama.

"Na huyu wakili wako, ulimpataje?"

"Unanichimba ili ukanizike humo ndani," alisema Zarmina. "Wewe mtu wa serikali, mwanangu. Usiku unalala. Sisi tunakodolea dari macho."

Bakhtiar alicheka kidogo, akainama kutazama viatu vyake. Soli ya kimoja ilikuwa imeachia.

Ndani hakumwonea huruma. Alisema aliyeajiriwa kwa ajili ya mradi huondoka na mradi, hata kama amefanya kazi miaka mingi, wala hana cha kuidai serikali. Alisema vizuri. Jaji akakubaliana naye.

Shandana, wakili wa Zarmina, alibaki ndani kufuatilia nakala ya hukumu. Zarmina alitoka peke yake, akijishikiza ukutani. Bakhtiar akamfuata, akampokea mkoba, wakashuka ngazi polepole.

"Umefurahi sasa?"

"Nimefanya kazi niliyotumwa, Mama."

Getini alimrudishia mkoba, lakini hakuondoka. Alisimama pale akiifungua na kuifunga kofia ya kalamu yake.

"Wakili wako akikata rufaa," alisema, "mwombe anitetee na mimi. Mradi ulioniajiri unafungwa kesho."