Kifo Kilichochezwa Vibaya

Sabatino ndiyo kwanza amemkata samaki mkunga kichwa, kofi likamtua hadi damu ikamtoka mdomoni. Soko la Napoli, lililofurika wanunuzi wa mkesha wa Krismasi, liligeuka kutazama.

Jamaa aliyempiga alimsukumizia mtutu wa bastola katikati ya meno. “Jana nimekuona kwenye filamu, muuza samaki wewe. Umemwigiza kaka yangu akifa, ukamliza kama kitoto, Italia nzima ikitazama!”

“Na samaki wangu je?” aliuliza bibi mmoja mwenye kikapu.

“Piga magoti! Kufa tena, na safari hii ufe kiume.”

Sabatino akapiga magoti kwenye barafu na matumbo ya samaki. Mtutu ulipomtoka mdomoni, alitema jino.

“Sikuigiza, bwana. Alipigwa risasi hapa hapa, mbele ya meza yangu. Nilimpakata mimi. Alilia vile vile, akikuita wewe.”

“Muongo!”

“Nawe ulikuwa unatimua mbio. Hilo tu ndilo sikuwaambia watu wa filamu.”

Kwenye ubao, mkunga asiye na kichwa alikuwa bado anajipinda.

“Ni kweli, mwanangu,” alisema yule bibi. “Hata kiatu kimoja ulikiacha.”

Bastola ikainuka, ikawa haijui imwanze nani.