Yoramu Kwenye Televisheni

"Uso wake unaonekana sawasawa?" Martha aliuliza hata kabla hajavua viatu.

"Unaonekana mpaka kidevu!" Malti akacheka. "Karibu, Mama Yoramu. Karibuni nyote. Jamani, mmehamisha mlima mzima?"

Alikuwa amemwalika mama peke yake, naye amekuja na ukoo. Wote walivaa nguo za kanisani, na wapiga tarumbeta wa usharika walibeba vyombo vyao. Malti hakuchukia. Mtoto wa mtu akionyeshwa kwenye televisheni, nani atakubali kubaki nyumbani?

Yeye mwenyewe alikuwa amerudi Moshi juzi tu, baada ya kukaa miezi mingi kwa dada yake Mombasa. Alikuta kanda ya video ambayo shemeji yake aliirekodi Unguja: bendi ya jeshi ikitumbuiza na kuwahimiza vijana wajiunge. Na katikati ya wapulizaji, Yoramu! Yoramu yule aliyekuwa akimletea maziwa asubuhi, kabla hajaenda jeshini. Siku ileile Malti alituma habari mlimani.

Akapitisha sinia la ladu, vile vitamutamu vya Kihindi. Hakuna aliyechukua.

"Kuleni basi, leo ni siku ya furaha!"

Eliezeri, mzee wa kanisa, alishukuru kwa upole, akalirudisha sinia mezani. Watu wa mlimani na haya zao, Malti aliwaza.

"Umeme hautakatika?" aliuliza Aminieli, babake Yoramu. Shati lake lilipigwa pasi vizuri, ila kucha zilikuwa na udongo mbichi.

"Tuombe Mungu."

"Tunaomba, mama," alijibu, na kweli akafumba macho.

Malti akabonyeza deki. Ngoma zikarindima, askari wakapiga hatua kwa madaha, mwimbaji akawaita vijana waje wailinde nchi yao. Kisha kamera ikamsogelea mpulizaji mmoja, mashavu yamemtuna. Alishusha tarumbeta, akatabasamu.

"Mwanangu," Martha akasema, kisha akamgeukia Malti. "Mama Bhanu, picha inaweza kusimama hapohapo?"

"Inaweza, mbona!"

Yoramu akatulia kwenye kioo na tabasamu lake. Martha alipiga magoti, akampapasa shavu kwa kiganja kizima, akalia. Malti naye machozi yakamlengalenga, maana furaha ya mzazi huambukiza.

"Nyamaza, dada. Si atakuja likizo? Utamshika mwenyewe."

Wanaume walikuwa wamevua kofia.

Mzee Eliezeri alifungua kitabu cha ibada, akawageukia waliojaa mlangoni.

"Ndugu zangu, mwili hatukuletewa," alisema. "Piteni mmoja mmoja mbele ya marehemu, tumuage, ndipo tupande tukafukie kaburi."