Chini ya Mkomamanga

"Mama, jumba hili lilikuwa kasri la sultani," alisema meneja wa hoteli, akionyesha kibao cha shaba ukutani. "Tumeandika pale."

"Sultani gani alizaa humu?" Bi Mize alimuuliza. "Mimi nilizaa humu, baba. Ilikuwa hospitali ya wazazi. Hapo kwenye meza yako tulipanga foleni, matumbo mbele, tukigombea benchi moja."

Alikuwa amelieleza jambo lake tangu asubuhi, kwa bawabu, kwa karani, na sasa kwa huyu. Kitovu cha bintiye Raya kilizikwa uani chini ya mkomamanga, kimefungwa katika kaniki, kama vya watoto wote waliozaliwa humo. Raya yuko ughaibuni, hata simu hapigi, lakini mama yake hujipa moyo kwamba mtu hurudi kilipo kitovu chake. Na leo mkomamanga unang'olewa, lichimbwe bwawa la kuogelea.

"Nipe kitu nichimbie, nikitoe, niondoke."

"Hii ni hoteli ya nyota tano, mama yangu."

Bi Mize alichukua kijiko cha chai mezani kwa mgeni, akapita mpaka uani, akapiga magoti. Wageni wakamfuata na kamera. Mwongoza watalii akaanza kuwaeleza jinsi wanawake wa kasri walivyopenda bustani.

"Mwambie huyo mwenye kofia asinizibie mwanga," Bi Mize alimwambia bila kugeuka.

Kijiko kilipinda, akaendelea kwa vidole. Chini ya mizizi kikajitokeza kifundo cha kaniki kuukuu, halafu kingine ubavuni mwake, halafu vingine, vyote vimefungwa namna moja.