Mikono ya Mama

"Mama, kaa hapo, usiguse kitu," rabi alimwambia Sesilia katika chumba cha mahakama ya Kiyahudi, London. "Mume aidondoshe talaka kwa hiari yake, mke aipokee kwa mikono yake mwenyewe. Ndivyo tunavyofanya tangu enzi na enzi."

Sesilia akaitikia, mkoba mapajani. Korti ya serikali ilikwisha kuivunja ndoa ya binti yake, lakini binti aliingia dini ya mumewe, na bila karatasi hii ya marabi hangeweza kuolewa tena. Miaka miwili bwana huyo alikuwa akiwazungusha. Leo amekuja, ila koti hakulivua.

Binti alivua pete, akaunganisha viganja kama anayekinga maji bombani.

"Unangoja nini, baba?" Sesilia alimnong'oneza mkwe, aliyeishika karatasi juu ya viganja hivyo.

Mkwe akaachia.

Karatasi iliyokunjwa ikaenda upande. Mikono iliyomdaka mtoto yule tangu anajifunza kutembea haikungoja ruhusa. Sesilia akainyaka kabla haijafika popote.

"Mama!" binti akalia. "Mama, umefanya nini?"

Rabi akafumba macho. Kisha akaichukua karatasi mkononi mwa Sesilia, akamrudishia mume.

"Haikumfikia. Tafadhali, mpe tena."

Mkwe aliigeuzageuza karatasi. Akamtazama Sesilia, halafu, taratibu, akaanza kufunga vifungo vya koti.